Isale Nililolipokea

Amri ya mahakama ilikuwa na jambo moja tu: baba mdogo, msimamizi wa mirathi ya marehemu baba yangu, amkabidhi mama ufunguo wa nyumba ndani ya siku kumi na nne. Ikapita Pasaka, ikapita masika yote. Mama akaendelea kulala jikoni, kwenye kibanda cha mbao kinachopitisha ukungu wa Old Moshi kila upande, hatua chache kutoka kwenye nyumba aliyoijenga na mumewe kwa kahawa yao wenyewe. Kila nilipopanda kutoka mjini nilimkuta anakohoa.

Tukapeleka maombi kwamba baba mdogo amedharau amri ya mahakama. Mwombaji alikuwa mama, mkimbiaji mimi. Waliosema subira huvuta heri hawajawahi kukalia yale mabenchi ya mahakama. Leo hakimu yuko likizo, wiki ijayo jalada halionekani, mwezi ujao baba mdogo anaumwa mgongo. Siku moja mpeleka wito alimkuta kibarazani kwake, na baba mdogo mwenyewe akamjibu kwamba mwenye nyumba hayupo. Nilicheka kwa hasira.

Hatimaye hakimu alichoka. Akatoa onyo: tarehe inayofuata aje na ufunguo, la sivyo atalala mahabusu. Nilirudi nyumbani nikipiga mluzi.

Asubuhi ya tarehe hiyo nilikuwa uani kwa mama nikimpa ng'ombe migomba. Baba mdogo akaingia, amevaa koti la ibada.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Nimekosa."

Akatoa ndani ya koti jani la isale lililofungwa fundo, akaninyooshea. Kwetu Uchaggani anayekuletea isale anaomba msamaha, na ukishalipokea umesamehe, habari imekwisha; ukigeuka unajiitia balaa. Ndiyo maana mtu ambaye hajawa tayari hujificha, au hurudisha mikono nyuma. Mama alikwisha kumwona, alikuwa mlangoni pa jiko.

"Usipokee!" akapaza sauti.

Lakini nilifundishwa kwamba mkubwa akikupa kitu hukiachi kining'inie hewani. Mikono yangu yote miwili ilikuwa imeshatangulia. Hadi leo nikikumbuka natamani kujizaba kofi. Miezi yote ile ya kupanda na kushuka, nikaimaliza kwa adabu!

Mahakamani baba mdogo alisimama wima, mgongo umepona.

"Mheshimiwa, sisi ni familia. Nimepeleka isale, limepokelewa. Ufunguo nitampa shemeji Jumapili baada ya ibada."

Hakimu akanitazama.

"Ulipokea?"

"Nilipokea, mheshimiwa. Lakini ufunguo hajaleta."

"Mimi nafuata sheria, sifuati majani," hakimu akasema, kisha akamgeukia mama. "Mwombaji ni wewe, mama. Unataka tuendelee?"

Nilimwomba Mungu mama aseme ndiyo. Mama alifunga na kufungua ncha ya khanga yake.

"Aliyepokea ni mtoto wangu," akasema. "Nikiendelea, mtoto wangu atakuwa amesamehe kwa uongo. Balaa la isale litamwangukia yeye. Nayaondoa maombi, mheshimiwa."

Maombi yakaondolewa pale pale. Baba mdogo alitupa mkono, akatutakia safari njema.

Jumapili ilifika, baba mdogo akaimba kwaya, akatoka kwa mlango wa nyuma wa kanisa. Jumapili iliyofuata alikuwa na wageni. Nilimsihi mama turudi mahakamani, nikamwambia hilo balaa nitalibeba mwenyewe, mimi siliogopi.

"Wewe huliogopi," alijibu. "Mimi ndiye niliyekuzaa."

Nilimpandishia sauti siku hiyo, jambo ambalo sikuwahi kulifanya kabla. Mama akaendelea kumenya ndizi.

Sasa ni Julai ya mwaka wa pili na baridi imekaza. Wiki iliyopita alinipigia simu akaniagiza mabati mawili na misumari, ya kuziba ukuta wa jiko upande wa kitanda. Nilivinunua nikampelekea, nikapigilia mwenyewe.