Siku Nilipokuwa Mdomo wa Plamedi

Kuna watu hapa Bunia ambao mpaka leo wakinipita njiani wananisalimia kwa sauti ya mtoto mdogo, nyembamba kama filimbi, halafu wanaongeza mwendo wakicheka, na mimi nawaacha wapite kwa sababu wana haki kabisa. Niliaibika mbele ya kanisa zima, na mbaya zaidi mbele ya mama mkwe wangu, na hakuna aliyenisukuma. Basi heri niwasimulie mwenyewe, maana majirani zangu wa Mudzipela wakisimulia wao huongeza chumvi, na chakula chenyewe kilikuwa kimekolea tayari.

Mimi kazi yangu ni sono. Penye harusi, matanga au mkutano wa maombi, mimi ndiye yule mtu anayevuta nyaya, anawasha groupe, ile jenereta, anasema "allô, allô, un, deux" mpaka watu wanamchoka. Kanisani kwetu pia vyombo vya sauti viko mikononi mwangu, ndiyo maana wengi wananiita Papa Sono. Kazi yangu, kwa kifupi, ni kuhakikisha watu wanasikia. Lishikeni hilo, kwa sababu ndilo linaloniuma mpaka leo.

Mwanangu Plamedi alikuwa amepita miaka mitatu na maneno yake yalikuwa yanaenea kwenye kiganja: papa, mama, maji, na "é!" aliyoisema huku akionyesha kwa kidole chochote alichotaka. Mke wangu Kavira alikuwa na wasiwasi. Monitrice Esther, anayefundisha watoto kanisani, alikuwa ameshamwambia kwa upole kwamba watoto wa umri ule wanasimulia mambo, wanauliza maswali, na huyu wetu hata ukimwita jina akiwa amekupa mgongo hageuki, ingefaa aonwe hospitali. Mimi nikakataa. "Mimi pia nilichelewa kusema," nikamwambia Kavira, "na leo nani ananinyamazisha?" (Hakuna, ni kweli, na wengi wangependa.) Shangazi zangu walisema ni kosa la Kinande cha mama yake, kinamchanganya mtoto, na ndugu za Kavira kule Butembo walisema ni kosa la lugha yetu sisi, ngumu mno kwa ulimi wa mtoto. Mimi katikati nilitaka amani tu.

Ndiyo nikafanya lile jambo dogo. Mama mkwe alipiga simu kutoka Butembo, akauliza: "Mujukuu wangu anasema sasa?" Nami, badala ya kusema bado, nikajibu: "Anasema, Mama! Anasema mpaka siye tunachoka!" Nikakata simu nimeridhika kabisa. Kavira aliniangalia kama mtu anayeona mbuzi akila nguo kwenye kamba.

Sikujua kwamba mama mkwe atawatangazia wamama wote wa kanisa lake, wala kwamba atasikia habari ya Jumapili ya watoto, ile ambayo kila mtoto anasimama mbele na kusema risitasyo yake, yale maneno aliyokaririshwa, akapanda gari la kupitia Komanda, akatufikia Jumamosi na kuku wawili, uso umevimba kwa safari na furaha. Akamkumbatia Plamedi: "Semesha koko wako!" (koko ni bibi.) Plamedi akaonyesha kuku: "É!"

Nikaona moto unanijia. Nikasema haraka, nikisingizia mazoezi: "Amemaliza sauti, Mama. Repetisyo zilikuwa mingi."

"Bon," akasema, "nitamusikia kesho."

Inabidi muelewe kitu kimoja. Mimi na mama mkwe tunaheshimiana kwa desturi ile ya zamani: hatutazamani machoni, hakai kwenye kiti changu, na akiwa na jambo zito la kuniambia anampitishia Kavira hata kama nimesimama palepale. Mkwe mwanaume ni mtu wa kuonwa amevaa vizuri, ametulia, ana maneno machache. Kudanganya mama mkwe ni jambo moja, kushikwa ni jingine, na mimi kushikwa sikutaka.

Kwa hiyo Jumapili asubuhi, kabla watu hawajaingia, nikapanga mambo. Nyuma ya mimbari tunafunga pazia la kitenge kwenye kamba kwa vibanio vya nguo, ili nyaya zisionekane. Nikaweka mikro mbili: moja ya Plamedi, nimeizima, na moja yangu nyuma ya pazia, inawaka. Nikavua viatu visilie kwenye mbao. Nikapiga magoti na tai yangu shingoni, jitu zima, nikisubiri zamu ya mwanangu, na rohoni najisifu kwa akili.

Monitrice Esther akamweka Plamedi mbele. Kupitia mwanya wa kitenge nikamwona amesimama na shati lake jeupe, mikro mkononi. Nikafumba macho nipate ile sauti, nikaanza: "Jambo Papa, jambo Mama, jambo muchungaji wetu! Miye Plamedi niko na furaha..."

Watu wakacheka. Nikadhani wamependa, nikaongeza utamu, nikaweka hata kithembe kidogo. Wakacheka zaidi. Nikaendelea na ubeti wa pili.

Niliyokuwa siyaoni ni haya (Kavira alinisimulia baadaye akishika mbavu): Plamedi alikuwa hata hafungui mdomo. Sauti ilipotoka kwenye bafle, zile spika zangu kubwa nyeusi, aliruka, akageuka, akaitupa mikro, akakimbilia bafle akaikumbatia, akabandika sikio juu yake kabisa, macho yamemtoka kwa raha. Kanisa zima linaona mtoto amekumbatia bafle na risitasyo inaendelea! Kisha akauona waya, akaufuata mpaka kwenye pazia (nyaya anazijua, ni mali ya baba yake), akashika kitenge kwa mikono yote miwili, akavuta.

Vibanio vikaruka. Nikafumbua macho nikiwa bado nasema kwa sauti ya kitoto "tunawapenda wazazi wetu," na mbele yangu kulikuwa na kanisa lote, na mstari wa kwanza kabisa, mama mkwe. Magoti chini, tai begani, na kidole gumba cha mguu kimetoka nje ya soksi kinawasalimia wageni.

Halafu Plamedi akanikaribia, akainama usoni kwangu, na kwa kuwa mikro ilikuwa kati yetu na inawaka, wote tukasikia: "Papa iko apa!"

Sauti yake ikatoka kwenye bafle, kubwa. Akashtuka. Akaiangalia bafle, akaniangalia mimi, akarudia ndani ya mikro: "Papa iko apa! Papa iko apa! Papa iko apa!" Hakutaka kuacha. Watu walikuwa wanalia kwa kicheko, mchungaji amejishika kwenye mimbari, mama mkwe amejifunika uso kwa kitenge chake na mabega yanatikisika (nilidhani analia, kumbe ndiye aliyekuwa anacheka kuliko wote). Kavira peke yake alikuwa amesimama, mikono mdomoni, machozi yanamtoka. Lilikuwa jambo geni kwake na kwangu pia: mtoto wetu hakuwa amewahi kuunganisha maneno matatu.

Nyumbani sikutoka chumbani. Mama mkwe aliketi nje penye mlango, akamsemesha Kavira kwa sauti ya kunitosha mimi: "Kavira, ambia bwana yako. Kuficha mutoto, hiyo tutasema siku ingine. Lakini mutoto anasikia mu bafle, sasa juu ya nini hapa nyumba ukimuita hasikie?"

Nikakaa kitandani na lile swali. Plamedi hupandisha redio mpaka tunagombana. Hulala akikoroma kama mzee. Mwaka uliotangulia alitokwa usaha masikioni, tukampaka mafuta tukasahau. Na mimi, Papa Sono, ninayejua kutoka mbali kama bafle ya kushoto inalegea, nilikuwa nimeishi na mtoto asiyenisikia vizuri nikadhani ni mkaidi. Hapo, ndugu zangu, sikucheka. Niliona aibu ya kweli, ile ambayo haina watazamaji.

Kesho yake tulikuwa kwenye moto, yaani pikipiki, Kavira, mimi na Plamedi katikati, kuelekea hospitali ya misioni. Muuguzi wa masikio alimwangalia ndani, akatueleza kwamba kuna maji yametuama nyuma ya ngoma ya sikio, pande zote mbili, na mtoto alikuwa anatusikia kama mtu aliyezamisha kichwa ndani ya beseni. Alitupa dawa na siku za kurudi. Nikamwuliza tuondoe lugha gani, nikijua shangazi zangu wanasubiri jibu.

"Hakuna ya kuondoa, Papa," akasema. "Musemeshe na ile munajua muzuri. Inama akuone uso, taja kitu, kisha ungoje ajibu. Usimujibie."

Shangazi zangu hawakufurahi, Butembo nao hawakufurahi, basi kukawa na amani. Dawa Plamedi alizimeza bila shida. Mimi niliyepewa kungoja ndiye niliyeteseka. Mtu anamwuliza mtoto "jina lako nani?" na mdomo wangu unafunguka wenyewe! Kavira alijifunza kunikanyaga mguu.

Ilichukua miezi, na bado tunarudi hospitali. Lakini juzi mama mkwe alipiga simu, na nilipoanza salamu akanikatiza: "Weye sikutake. Nipe mutoto."

Plamedi akaweka simu sikioni. Kimya. Kimya kirefu, na mimi najua kabisa angepaswa kusema nini, maneno yamenijaa shavuni, Kavira ananitazama, nikang'ata kola ya shati langu. Nimeapa: sitakuwa tena mdomo wa mtu mwingine, hata akikaa kimya mpaka uniti za simu ziishe.

Plamedi akavuta pumzi.

"Koko," akasema, mkono ukimwita aje, "kuya. Papa haiko tena mu bafle."