Kashe Yenye Sikuomba

Nianze na wenye walinifanyia mubaya: chefu wa personeli, mwenye aliongoza wafanyakazi wa biro yetu, na sekreteri wake, mwenye tulikuwa tunaimba naye korali moja kule Muhumba. Wengine nilishawaachilia. Hawa wawili, hapana.

Nilikuwa planton, mubeba barua, mu ile biro ya serikali miaka kumi na moja, bila mukataba. Nilipandisha barua za watu ngazi kwa ngazi na muguu wangu wenye ulibakia na risasi ya vita ya Shabunda. Siku moja wakatangaza konkuru ya kuingiza wafanyakazi wa kudumu. Nikakalia mutihani. Lisiti ikabandikwa ku ubao: jina yangu ilikuwa ya nne. Kisha siku mbili wakaibandua, wakabandika ingine. Pa nafasi yangu, shemeji wa chefu, mutu mwenye hata mu sale ya mutihani hatukumuona.

Tulikuwa watano wenye tulitolewa. Avoka, wakili wetu, akatueleza vizuri: "Mbele ya kuenda ku tribinali, mumuandikie chefu malalamiko. Kopi mbili. Moja inabaki kwake, ingine wanaipiga kashe, muhuri ya kwamba wamepokea, munarudi nayo. Bila ile kashe, ama muda wa kulalamika ukipita, juge hatawasikiliza."

Wiki haikuisha, wane wakajitoa. Mumoja alinikuta mu njia: "Papa, risasi haikutosha? Unatafuta na serikali?" Akacheka, akaenda zake.

Nikapeleka barua peke yangu. Sekreteri akainuka, akanipa mukono.

"Ah, tonton wetu wa sauti kubwa ya korali! Acha zote mbili. Chefu ameenda na ufunguo wa kashe. Utapita kesho. Ama unaniogopa, ndugu yangu?"

Nikasikia haya. Miaka yote ile niliona wageni wakikataa kutoka pale bila kashe, na moyoni niliwaita watu wasio na adabu. Nikaacha zote mbili.

Kesho chefu alikuwa safari. Wiki iliyofuata, mukutano. Nilipita, nilipita, mupaka muda wa kulalamika ukaisha. Siku ile sekreteri hakuinua hata macho.

"Barua gani, tonton?"

Ku tribinali nilikaa benchi nzima peke yangu. Juge mwenye kukata maneno, mama mumoja mupole, akaniuliza: "Papa, kopi yenye kashe iko wapi?" Nikamuonyesha sekreteri na kidole. Yeye akainua mukono, akaapa hajapokea kitu. Chefu aliangalia simu yake tu. Dosie ikakataliwa hata mbele ya kufunguliwa.

Nje, avoka alinipa pole, akapanda moto, pikipiki ya kukodi, akaondoka. Nikapanda kilima na muguu. Ilikuwa saa sita, jua kali. Nikafungua kufuli, nikavua koti, nikaitundika. Nikasema kwa sauti: "Wamenikatalia."

Mu nyumba hakukuwa mutu wa kuniuliza: ni nani wamekukatalia?