Mti Aliouonyesha Mulepo

Mulepo alikuwa na sauti mbili. Ya kwanza ilikuwa ya asubuhi, tulipokuwa bado mjini Chiang Mai tukiwapitia wageni hotelini: karibuni, jina langu Mulepo, huyu ni dereva wetu Singkam, msimwogope, ana sura ya hasira lakini hang'ati. Ya pili ilimjia baada ya hekalu la mwisho, barabara ilipoanza kujipinda mlimani na ukungu kuingia madirishani. Hapo alizungumza polepole, kama anayesimulia ndoto kabla haijamtoka, na wageni waliokuwa wakipiga domo viti vya nyuma walinyamaza mmoja mmoja. Nimeendesha magari ya watalii tangu nywele zangu zikiwa nyeusi, na waongozaji nimewaona wa kila namna. Wengi wao ni kasuku. Mwanamke huyu Mulepo peke yake ndiye aliyenifanya nisahau kuwasha redio.

Safari zetu zimechanganyika kichwani mwangu, siku hizi siwezi kuzitenganisha. Ni asubuhi ile ile kila mara. Wageni wanavua viatu na kulalamika kwamba sakafu ya hekalu ni baridi. Kengele zinalia zenyewe kwa upepo, dhahabu ya mnara inaonekana, inamezwa na wingu, inaonekana tena. Mtu anapiga magoti na kutikisa kopo la vijiti vya bahati hadi kimoja kidondoke, kisha anamletea Mulepo karatasi ya utabiri ya kijiti hicho amsomee. Bahati ikiwa mbaya, Mulepo aliifanya nzuri.

"Mtu ametoka kwao mbali hivyo," aliniambia, "nimwambie mkewe atamkimbia? Wewe ungesema?"

"Ningesema."

"Ndiyo maana wewe unaendesha gari."

Huo ulikuwa uongo wake mdogo. Mkubwa ulikuwa kijijini kwao, kule juu, kwenye mashamba ya mpunga ya ngazi ngazi.

Watu wa kwao ni Wakareni, kabila la milimani. Kitovu cha mtoto kikikatika, baba yake hukitia ndani ya kipande cha mwanzi, akakifunga kwenye mti msituni. Tangu siku hiyo mti ni wa mtoto huyo. Hakuna wa kuutia panga maana roho ya mtoto iko hapo, na anayeujeruhi hulipa kuku. Wengine tunasema tu kwamba kwetu ni pale kilipozikwa kitovu. Wao wanakushika mkono wakakuonyeshe. Mulepo aliwapitisha wageni katika msitu huo kwa ile sauti yake ya pili, majani yakidondosha maji, na haikupita safari bila mmoja wao kumuuliza: "Na wa kwako ni upi?"

Alikuwa akienda kwenye mti mkubwa kando ya njia, wenye nundu kiunoni. Aliuwekea kiganja, akafumba macho. Wageni nao waliushika, wakalitaja jina lake, Mulepo, Mulepo, wakapiga picha.

Haukuwa wake. Hakuwa na mti. Alizaliwa kabla ya siku zake, mama yake akateremshwa hospitali ya mjini akiwa hoi, na mtoto akawekwa kwenye sanduku la kioo chini ya taa. Aliporudishwa kwa mama yake alikuwa ameshanenepa na kitovu kimeshapona. Kile kilichokatika kilifagiwa pamoja na pamba. Baba yake alikuwa ameshuka na mwanzi alioukata tayari. Akarudi nao mtupu.

"Mwanzi ule tuliutundika jikoni, tukawa tunawekea chumvi ndani," alinisimulia siku moja tukila tambi za mchuzi wa nazi, wageni wakiwa wanazurura hekaluni. "Wenzangu walikuwa wakishindana, mti wangu mrefu kuliko wako. Wakiukwea, mimi nawashikia viatu."

"Sasa ule unaowaonyesha ni wa nani?"

"Wa Shangazi Nochi."

"Toba! Katika watu wote! Na akijua?"

"Atajuaje? Hajui Kiingereza."

Alicheka, ila uso haukucheka. Wazazi wake wote walikuwa wameshakufa, nyumba yao imeanguka na nguzo zimeoza. Mjini alikuwa na chumba cha kupanga. Kijijini aliingia na wageni na kutoka na wageni, hakulala hata usiku mmoja, kwa sababu hapakuwa na mlango ambao angeweza kuuingia bila kubisha. Aliogopa kitu kimoja: kwamba ipo siku mtu atamwambia wazi, wewe pia ni mgeni tu. Nilimwonea huruma mpaka nikakasirika, nikamwambia amalize tambi zake twende.

Shangazi Nochi alikuwa mama mtu mzima asiye na mtoto, kiko mdomoni, akifuma vitambaa barazani kwake na kuwauzia wageni. Goti lake la kushoto lilimsumbua, ulimi haukumsumbua hata kidogo. Mwanamke wa Kikareni asiyeolewa huvaa kanzu nyeupe, na Mulepo, na umri wake wote, bado alivaa nyeupe.

"Huyo anakuja, mweupe kama wali," Nochi alikuwa akipiga kelele akituona. "We Singkam, mbona humuoi ukatupunguzia kufua?"

"Mke wangu hataki, mama."

"Muulize vizuri!"

Siku ninayotaka kuisema ilikuwa ya ukungu mzito, mpaka hekaluni tulisikia watawa wakiomba bila kuwaona. Miongoni mwa wageni alikuwapo mwanamke mmoja kutoka Marekani, amevaa kofia ya michezo, anaitwa Epo. Njia nzima hakusema kitu. Tulipofika msituni, mmoja akauliza swali lile lile, na Mulepo akaenda kwenye mti ule ule, akafumba macho. Epo akavua kofia. Akapiga magoti kwenye majani yaliyolowa, akaanza kuusemesha mti kwa Kikareni, machozi yakimtoka.

Nilimwona Mulepo akipauka. Mimi mwenyewe Kikareni nakisikia, kwa miaka niliyopanda na kushuka pale. Epo alikuwa anauambia mti umtunze dada huyu. Kisha akainuka na kumshika Mulepo mikono yote miwili.

"Dada, una bahati," alisema. "Wa kwangu uko ng'ambo ya mpaka. Kijiji kilichomwa moto, nikakulia kambini, halafu wakatupeleka kwenye theluji. Sijui kama bado umesimama. Wewe kila siku unakuja unaushika wako."

Hapo ndipo Mulepo alipaswa kusema ukweli. Mtu amelia mbele ya mti, utamwambiaje kwamba ameulilia mti wa mtu mwingine?

Tukashuka kijijini. Nikamtazama Epo akienda moja kwa moja kwenye baraza la Nochi, na kwa kweli nilitamani mvua inyeshe, gari lizame tope, lolote litokee. Alichagua kitambaa chekundu, akamsalimu kwa Kikareni, na Nochi akafurahi kupita kiasi, akamkalisha, akamtilia kahawa aliyoikaanga mwenyewe.

"Na huyo dada yetu," Epo akasema, "ana mti mzuri sana."

"Dada gani?"

"Mulepo. Ule mti mkubwa wa njiani, wenye nundu."

Nochi akaacha kufuma. Akatoa kiko mdomoni.

"Ule ni wangu," alisema. "Baba yangu ndiye aliyeufunga mwanzi." Kisha akapaza sauti, kuku wakakimbia uvunguni. "Mulepo! We mweupe! Hebu njoo hapa!"

Mulepo alikuja, akasimama chini ya ngazi ya nyumba. Majirani wakaanza kuchungulia.

"Tangu lini?"

"Tangu nilipoanza kazi, shangazi."

"Na wageni wote hao wameushika?"

"Wameushika."

"Wakitaja jina lako?"

Mulepo akainamisha kichwa.

"Ndiyo maana!" Nochi akajipiga paja. "Ndiyo maana goti hili halisikii dawa! Daktari ananijaza vidonge, kumbe roho yangu inapigwa picha na Wajerumani!"

Watu walicheka sana. Hata mimi nilicheka, Mungu anisamehe. Epo alikuwa ameziba mdomo kwa kitambaa kipya. Mulepo peke yake alikuwa analia, kimya, mikono imening'inia.

"Nilitaka na mimi niwe na pa kuonyesha," alisema. "Sitarudi tena, shangazi. Mtawapata waongozaji wengine."

"Nani kakuambia ukimbie? Umesikia mtu anaharibu kitu halafu anakimbia? Utalipa kuku. Leo. Na roho yangu tutakwenda kuiita leo hii hii."

Basi kuku akatafutwa, akachemshwa. Wageni waliambiwa kuna sherehe ndogo, wakashukuru kwa bahati yao. Tulirudi msituni tukimfuata Nochi anayechechemea, na kikapu cha wali, ndizi na nyuzi nyeupe za pamba. Ukungu ulikuwa umeshuka chini kabisa, watu wanaonekana nusu. Nochi akaugonga mti kwa mwiko wa mbao.

"Rudi, roho ya Nochi," aliita, na sauti ile kali ikawa laini kuliko nilivyowahi kuisikia. "Usikae na ruba, usikae na umande. Moto umewaka, wali umeiva. Rudi nyumbani, roho ya Nochi."

Akageuka kumtazama Mulepo, uso umekunjamana.

"Sasa na hii nyingine nifanyeje?"

"Ipi, shangazi?"

"Unaniuliza ipi? Miaka yote watu wanaita Mulepo, Mulepo, papa hapa. Kitu kikiitwa namna hiyo si kitakuja? Kimeshakuja, kimekaa na changu. Nichukue kimoja niache kingine? Wali uliopikwa chungu kimoja nitauchambua vipi?"

Hakungoja jibu. Akaugonga mti tena.

"Rudi, roho ya Mulepo. Usikae hospitali, usikae chini ya taa. Rudi nyumbani, roho ya Mulepo."

Nyumbani kwake aliwafunga watu nyuzi mkononi ili roho zisitoroke tena, Mulepo kwanza. Epo akanyoosha mkono na yeye.

"Wewe nani kakualika?" Nochi alimfokea. "Haya, lete hapa. Na wa kwako nao upo, mti hausahau."

Sasa likaja jambo jingine. Aliyefungwa uzi haondoki siku hiyo. Roho iliyotoka kuitwa haivushwi kijito, itapotea njiani. Epo hakutaka kuondoka. Nochi akamwambia atapata pa kulala, blanketi lipo. Lakini wageni wengine walikuwa na ndege, na Mulepo katika kazi yake yote hakuwahi kuniacha na wageni. Alinitazama.

"Kaka Singkam, utaweza?"

"Kwani ni nini? Kushoto mlima, kulia mlima."

Akacheka. Nilipowasha gari alibaki amesimama barazani na kanzu yake nyeupe, na Nochi akimtuma kuni kama mtoto wa nyumbani. Niliteremka na wageni usingizini wote, na njia nzima nilikuwa na furaha ambayo sikujua niipeleke wapi.

Safari iliyofuata, tulipofika msituni, mama mmoja wa Kifaransa akauliza. Na wa kwako ni upi? Mulepo hakuufuata mti. Alisimama njiani, akavuta pumzi, akawaambia wageni kwamba yeye hana. Alizaliwa mjini, chini ya taa, na mti ule mkubwa ni wa mama mmoja wa kijijini. Nilijua ilivyomgharimu. Mimi siku hiyo nilikuwa nimepanda nao, na Nochi pia alikuwapo, amekuja kuokota kuni na kutazama kama watu wanaushika mti wake vizuri.

"Umewaambia nini?" alimuuliza.

"Ukweli, shangazi. Kwamba sina mti."

Nochi akamchapa kofi la bega, si la mzaha.

"Muongo we! Muongo tena! Niliita mpaka koo likakauka, uzi ninaouona hapo mkononi ni wa nini? Hebu waambie!"

Mulepo akawageukia wageni. Sauti zake zote mbili zilikuwa zimemkimbia.

"Samahani," alisema. "Nimekosea. Ni wangu. Wangu na wake."

Mama wa Kifaransa akamuuliza, kwa upole, kama ana hakika. Mulepo akajifuta macho kwa mkono wa kanzu, akasema ana hakika.