Siku Nilipoiondoa Kesi ya Shamba

Shemeji yangu, kaka wa marehemu mume wangu, alikuja shambani kwetu karibu na Kamanga mchana kweupe, panga mkononi. Nilikuwa napalilia mihogo. Hakunisalimu. Alikata mgomba, akakata mwingine, kisha akanigeukia.

"Mwanamke wa kuolewa hana shamba hapa!"

Niliinua jembe kujikinga. Panga liliteleza kwenye mpini, likanipasua mkono kuanzia kwenye kiwiko. Mama mkwe alitoka ndani mbio akamrukia mgongoni, mwanawe wa kumzaa, akamng'ata sikio. Shemeji alimbwaga chini kama gunia. Nyonga ya mama ilivunjika, niliisikia ikivunjika.

Polisi walimkamata shemeji, akatoka kwa dhamana. Mimi, mkono ukiwa bado na nyuzi, nilikimbilia mahakamani mjini, ng'ambo ya ziwa, kudai shamba. Nilikwenda peke yangu, kwa hasira. Wakili nilimpata baadaye, mama wa makamo mwenye ofisi Nyamagana.

"Dada, shauri la ardhi umelifungua pasipostahili," aliniambia. "Lilipaswa kwenda baraza la ardhi. Upande wa pili wameshaweka pingamizi, na watashinda. Tuliondoe wenyewe."

"Nimkimbie yule?"

"Humkimbii. Tutaomba ruhusa ya kulifungua upya. Na ile kesi ya kukujeruhi ni ya Jamhuri, haiguswi."

Sikulala vizuri tangu siku hiyo. Neno kuondoa lilinikaa kichwani.

Mahakamani wakili alisimama. "Mheshimiwa, tunaomba kuliondoa shauri hili, kwa ruhusa ya kulifungua upya kwenye chombo chenye mamlaka."

Hakimu aliridhia. Shemeji alisikia neno moja tu, kuliondoa. Alicheka kwa sauti mpaka karani akamkemea.

Tulipotoka nje, alinifuata kwenye korido.

"Umesalimu amri, shemeji. Kesho naingiza ng'ombe mle."

"Sijasalimu. Nitakushtaki tena."

Aliushika mkono wangu mbovu akausokota. Nyuzi zilifumuka. Damu ilinichirizika hadi vidoleni, ikadondoka sakafuni. Nilimpiga kichwa cha pua kwa nguvu zangu zote, naye akanikaba koo. Nilikuwa nimeanza kuona giza askari wa mahakama walipomwangusha na kumfunga pingu, damu yake na yangu zikiwa zimechanganyika kwenye shati lake jeupe.

Dhamana ilifutwa. Kwenye kesi ya jinai mama mkwe aliingia kizimbani akiegemea magongo, akaeleza yote bila kumwangalia mwanawe. Shemeji alifungwa. Baraza la ardhi, tulikolipeleka shauri upya, lilitamka kwamba shamba ni langu na watoto wangu.

Siku za kutembelea wafungwa, mama mkwe hupika ugali na sato, akavuka ziwa kumpelekea. Hajawahi kuniomba nimsamehe mwanawe, wala mimi sijamzuia kwenda. Namsindikiza hadi kivukoni, nambebea kapu, namsaidia kupanda. Kisha narudi kulima.