Mapacha wa Dawati Moja

Shuleni kwetu hakuna aliyemwita kwa jina. Alikuwa Mama Vyema, kwa sababu hilo ndilo neno aliloandika kwenye daftari la kila mtoto, hata la yule aliyeandika kwamba samaki ana manyoya. "Si kajaribu?" angesema. "Ulitaka nimnyonge?" Alifundisha darasa la kwanza kwa mkataba wa mwaka mmoja mmoja, miaka nenda miaka rudi, na kila mwaka ulipokaribia kwisha alikaa roho juu kama kuku aliyesikia hodi ya wageni.

Hatimaye ajira ya kudumu ikatoka. Tulimpigia vigelegele, mwalimu mkuu akacheza mpaka tai ikamhamia mgongoni. Furaha haijapoa, tume ya ajira ikaandika kwamba uteuzi umefutwa: kwa kumbukumbu zake, umri ulikuwa umepita kikomo cha kuajiriwa.

Umri upi? Alikuwa bado miaka miwili akifikie hicho kikomo. Uzee wake ulikuwa wa karatasini, na aliyemzeesha ni baba yake mzazi. Mzee yule alikuwa na watoto wawili wa kusomesha na uwezo wa kununua vitabu vya mmoja. Akawaza, akawapeleka shule siku moja, akawaandikisha mapacha. Binti akaongezwa miaka, kaka yake akapunguzwa, wakakalishwa dawati moja wasome kitabu kimoja. Mwalimu aliyewapokea alitazama vimo vyao, akacheka, akaandika. Vyeti vya kuzaliwa vilipokuja kutafutwa baadaye, vikafuata yale yale ya shule.

"Nenda mahakamani," nilimwambia. Wakili tuliyemwendea akasema kwa kuwa wazazi wameshafariki, shahidi ni mmoja tu: kaka.

Kaka mtu alikuwa mkaguzi wa shule, mwenye gari la ofisi na kitambi cha ofisi. Nilifuatana na Mama Vyema kwenda kumwomba. Alitukalisha sebuleni, akamwita mkewe atuletee chai.

"Mdogo wangu, hili nalo la kuja kunibembeleza? Nitasema kweli. Nisiposema mimi, aseme nani?"

Mama Vyema alitoka pale anacheka peke yake. Mimi nami niliamini, chai ya watu ilishanilainisha.

Siku ya kesi kaka alikuja kweli, suti imenyooka. Akatupita, akaenda kukaa na wanasheria wa tume. Nilidhani amekosea benchi, nikampungia mkono, mjinga mimi.

Akala kiapo. Akasema yeye na mlalamikaji ni mapacha, tumbo moja, siku moja, na kwamba dada yake amechanganyikiwa kwa shida ya kazi, asamehewe. Ndipo akili ikanijia. Miaka ya dada ikirekebishwa, ya kwake nayo itafukuliwa, na mkaguzi aliyeajiriwa kwa umri wa uongo hupoteza kazi na pensheni. Kikulacho ki nguoni mwako, wahenga hawakukosea. Nilitamani nimvue ile suti mbele ya hakimu.

Wakili wetu aliinuka amhoji. Mama Vyema akamshika mkono, akaomba aulize mwenyewe, na hakimu akamruhusu.

"Kaka, mvua zikinyesha tulikuwa tunavukaje ule mto wa kwenda shule?"

Kaka akajivuta mikono ya suti.

"Ulinibeba mgongoni. Kila mto ulipojaa, wewe ulinibeba. Pacha gani anambeba pacha mwenzake?"

Kaka alitazama dari, kisha akamtazama hakimu. Dada yake hakumtupia jicho.

"Mheshimiwa," akasema, "sijawahi kumbeba."

Mama Vyema akakaa, asiulize tena. Hukumu ilipokuja kusomwa tulishindwa, wala sikumwona akishtuka. Hasira zilikuwa zangu. Pale kwenye ngazi za mahakama nilimwambia tukate rufaa, twende hata wapi, kazi yake itarudi tu.

"Kazi inaweza kurudi," akasema. "Lakini wewe si ulimsikia? Ameniachia katikati ya maji."