Mume Wangu Alipohamia Jikoni

Ndoa yangu ilikuwa njema kwa muda wote ambao duka la mume wangu lilikuwa na vitu vya kuuza. Alitoka asubuhi, akarudi jioni amechoka, akala, akasifia dengu, akalala. Sisi Wahindu wa Musoma tuliochaguliwa wenzi na wazazi na kuozwa tukiwa wadogo hatukuwa na madai makubwa. Nilimwona mtu mpole. Nadhani yeye aliniona mpishi mzuri.

Kisha bidhaa zikaadimika. Sabuni ikapotea, khanga zikapotea, mwishowe rafu zikabaki na dawa ya viatu ambayo hakuna aliyeitaka. Mume wangu akafunga duka, akarudi nyumbani kwetu Kamunyonge, na kwa kuwa hakujua kukaa bure, akahamia jikoni.

Alianza kwa kupanga makopo ya viungo. Nikampisha. Akaanza kunifundisha kukata vitunguu, yeye ambaye hajawahi kukata hata limau. Siku moja nikamkuta amesimama nyuma ya meza, viganja juu yake, kama yuko kaunta.

"Unahitaji nini?" akaniuliza.

"Bizari."

"Ya leo umeshachukua."

Nilivumilia zaidi ya mwaka. Watoto hatukujaliwa, kwa hiyo hakuwa na mwingine wa kumpangia. Nilipomwambia nataka tuachane, hakubisha. Aliuliza tu kama nimemaliza kuchagua mchele.

Mahakama isingetusikiliza kabla hatujapita baraza la usuluhishi la kata. Mwenyekiti alikuwa mwalimu mstaafu, Mjita, mzee wa kanisa. Pembeni yake alikaa fundi cherehani, mama wa Kiislamu wa mtaani kwetu aliyenishonea blauzi zangu zote. Mume wangu kwa aibu hakutaka kuzungumza nami.

"Mwalimu, mwambie mama huyu sina kinyongo naye."

Mwalimu akanigeukia, akanieleza neno kwa neno, nami nimekaa karibu kiasi cha kumsikia mume wangu akipumua.

"Ndoa yenu mlifungaje?" mwalimu akauliza.

"Tulizunguka moto, mara nne," nikasema.

Akafikiri. "Sasa kuifungua, huwa mnazungukaga kinyumenyume?"

Mume wangu akacheka. Sikuwahi kumsikia akicheka vile. Mabega yalitikisika mpaka akavua miwani. Nikacheka na mimi. Fundi akamkonyeza mwalimu, nikaona wameanza kutumaini. Kusema kweli, hata moyo wangu uliyumba.

Fundi alikuwa amekuja na chupa ya chai, akatumiminia. Mume wangu akaonja.

"Dada," akamwambia kwa upole, "tangawizi umeitia mapema mno."

Mwalimu akaweka kikombe chini. "Mama, nimeelewa," akaniambia.

Baada ya hapo kazi ilikuwa kugawana tu. Nyumba ilitoka kwa baba yangu, ikabaki kwangu. Duka likawa lake. Bembea ya barazani ndiyo iliyotusumbua, kwa maana kila mmoja wetu aliipenda.

"Inaning'inia kwenye dari," fundi akasema. "Dari ni la nani?"

"La mama huyu," mume wangu akakubali. Kisha akaomba akabembee jioni ile, mara ya mwisho. Alivua viatu, akabembea peke yake mpaka mbu wakamwingiza ndani. Mimi nilikuwa nimesimama nyuma ya pazia, nalia, na sikutaka ajue.

Mahakama ikathibitisha makubaliano yetu, naye akahamia Bunda. Biashara zilipofunguliwa, duka lake jipya likajaa sabuni, vitenge na redio mpaka mlangoni. Nilishuka pale siku moja nikisubiri gari la Mwanza. Alikuwa akimhudumia mama mmoja aliyetoka Kisorya, anakunja vitenge na kuvikunjua bila kuchoka. Alikuwa amenenepa. Wapishi wawili walikuwa wameshamkimbia, akanieleza mwenyewe, akishangaa kwa dhati.

Aliniita *ben*, yaani dada kwa Kigujarati chetu, akanivutia kigoda, akaagiza soda. Safari hii alisema nami moja kwa moja, akauliza habari za goti langu linaloniuma tangu zamani na za mwalimu. Tulizungumza mpaka gari likapiga honi, akanibebea kikapu hadi mlangoni mwa gari, na akamwomba kondakta anipe kiti cha dirishani.