Wekundu wa Mdomo

Katika karakana ya Ottavio mjini Roma, kila sanamu ya kale iliyofukuliwa ilipitia kwanza kwa muoshaji. Ottavio hakuwahi kuona mikono mitulivu kama ya mzee huyo. Kwa miaka thelathini ilisugua marumaru mpaka ikawa nyeupe pe, mwenyewe akibembeleza kama anayeogesha mtoto: "Tulia mama, nimalize sikio."

Asubuhi moja mikono ikasita. Mdomoni mwa sanamu ya mungu wa kike palikuwa na rangi nyekundu, mbichi kama ya mtu aliyetoka kunywa divai.

"Uchafu huo, mzee, sugua!" alisema Ottavio. "Watu wa kale walipenda nyeupe."

Muoshaji aliinama, akaona ndani ya wekundu ule mistari ya brashi ya mchoraji wa kale. Aliweka brashi yake chini, akavua kofia.

"Fundi," alinong'ona, "nimeshawafuta wangapi?"